Siku Nilipolitandikia Nyasi Ghala la Kahawa

Siku yangu ya kwanza kazini sikushika ua hata moja. Nilikabidhiwa ufagio, ndoo ya maji na kisu butu cha kukwangulia nta ya mishumaa sakafuni. Ulikuwa ukumbi wa parokia hapa Bugene, Karagwe, wenye kuta zilizopakwa rangi ya samli kabla sijazaliwa na kuachwa hivyo hivyo kama zimepewa adhabu. Nami nilikuwa nimevaa gauni langu zuri, kwa sababu niliambiwa naenda kujifunza mapambo, na akilini mwangu mpambaji alikuwa mtu wa riboni na manukato. Mkuu wangu wa kwanza, tuliyemwita Mama Mlezi kwa kuwa ndiye aliyeusimamia ukumbi ule na akina mama wote waliouhudumia, alinitazama kuanzia kichwani hadi kwenye viatu akacheka.

"Umekuja kuolewa au umekuja kufanya kazi?"

"Shikamoo, Mama. Nimekuja kazini."

"Marahaba. Basi vua hivyo viatu. Wageni wataitazama hiyo sakafu kuliko watakavyomtazama bwana harusi."

Nawaandikia nyinyi vijana mnaopamba kumbi siku hizi, hasa nyinyi mnaonipigia simu kulalamika. "Mama Adela, nimepewa ukumbi mbaya." "Mama Adela, kamati haina hela, nifanyeje?" Nimelisikia neno hilo, ukumbi mbaya, mpaka masikio yamechoka. Nimepamba madarasa yenye mashimo sakafuni, nimepamba banda la soko, nimepamba ua wa nyumba ambao asubuhi yake ulikuwa na mbuzi. Sikubali kwamba watu fulani waolewe kwenye kumbi nzuri na wengine waolewe wakiona aibu. Nilikataa nikiwa msichana, na leo magoti yamechoka lakini bado nakataa.

Nilipomaliza kukwangua nta, Mama Mlezi aliniketisha kwenye kiti ambacho bibi harusi angekalia. Akaniambia nitaje ninavyoviona. Nikataja tundu la dari, ubao wa matangazo, mlango wa choo. "Hivyo ndivyo atakavyovitazama yeye mchana kutwa," akasema, "na wewe ulitaka kuanza na maua ya mezani." Njia hiyo tuliiita kukaa kiti. Mpambaji hukaa kwanza kwenye kiti cha bibi harusi, halafu cha mama yake, halafu cha mgeni wa mwisho kabisa mlangoni, ndipo anaamua kitambaa kiende wapi. Mpaka leo nikiingia kwenye nyumba ya mtu hutafuta kiti kabla ya kusalimia, na watoto wangu wananicheka.

Alinifundisha pia mikunjo. Kitambaa cha ukutani hakitandazwi kama shuka la kitanda. Hukunjwa kwa vidole, pini juu na pini chini, ili kianguke kwa mawimbi. Ukitaka mikunjo minene, kitambaa kiwe kirefu mara mbili ya ukuta. Huna cha kutosha? Basi usikinyooshe kikawa kama ngozi ya ngoma. Kikusanye chote nyuma ya maharusi, ukuta mwingine uache ulivyo. Hilo tuliliita kuvuta jicho. Mgeni akiingia jicho lake likavutwa mahali pamoja penye uzuri, halitakwenda kutafuta nyufa. Wapambaji wengi wenye hela kidogo hushindwa kwa sababu wanataka kuficha kila kitu, na wanaishia kuonyesha kila wanachokificha.

Kutoka parokiani nilikwenda Omurushaka, kwenye duka la kukodisha mapambo. Mkuu wangu wa pili alikuwa Mwenye Duka, mtu wa Muleba, mchapakazi, mwenye sauti ya kunadi mitumba. Yeye alikuwa na kila kitu: maua ya plastiki, taa za vimulimuli, vifuniko vya viti, mpaka bata wawili wa plasta waliokuwa wakibusiana. Tulifungasha vitu vilevile, tukavifunga kwa mpangilio uleule, kila Jumamosi. Picha za harusi za miaka ile nikiziangalia sijui ipi ni ya nani, isipokuwa niwatafute bata nione kama walishavunjika mdomo.

Tuligombana kwa ajili ya watu wa Kyerwa. Alikuja baba mmoja kutoka Nkwenda, huko huko Kyerwa, kofia mkononi, akisema wamepewa darasa la shule ya msingi na kwamba wangependa kupamba kwa kile walichojaliwa. Mwenye Duka alimsikiliza vizuri, akamuaga vizuri, na mgongo wa yule mzee ulipotoka mlangoni akasema, "Darasani? Pale hata malaika washuke na pini, hapapambiki."

"Mimi nitakwenda," nikasema.

"Kwa vifaa vya nani?"

"Vya kwao."

"Ukienda usirudi."

Nikaenda, na sikurudi. Darasa lile la Nkwenda tulilipamba kwa vitenge vya akina mama wa kwaya, na ubao mweusi hatukuuficha. Mwalimu mwenye mwandiko mzuri aliandika majina ya maharusi kwa chaki za rangi, akazungushia maua ya kuchora. Wageni walipanga foleni kupiga picha kwenye ubao. Tangu siku hiyo nilifanya kazi peke yangu, Kaisho, Nkwenda, Kiruruma, popote alipotokea mtu aliyeambiwa kwake hapapambiki.

Sasa niwaambie habari ya ghala, maana ndiyo mnayoiulizia kila mara na kila mtu anaisimulia kwa uongo wake.

Kiruruma aliishi bibi mmoja, Bibi Paulina, aliyemlea mjukuu wake Jeska tangu akiwa wa kubebwa mgongoni. Mama yake Jeska alifariki, na baba hakuwahi kubisha hodi pale. Bibi alimlea kwa kibanja chake, yaani shamba la migomba na kahawa linaloizunguka nyumba, na kwa kibanja hicho hicho akamsomesha hadi akawa muuguzi. Jeska akapata mchumba, Elisha, kijana mpole wa familia ya wafanyabiashara wa Bukoba. Miguu ya Bibi ilikuwa imevimba, moyo ulikuwa unamsumbua, na daktari alikataza safari ndefu. Ndiyo maana familia mbili zilikubaliana: sherehe iwe moja, na iwe Kiruruma.

Kwa nini isingeweza kufanyika pasipo yeye? Kwa sababu kwetu bibi harusi hupakatwa. Hukaa kwenye mapaja ya aliyemlea, watu wote wakiona, kisha huinuka na kupakatwa na wakwe zake. Hapo ndipo anapotoka kwao na kuingia kwa mumewe. Unaweza kuwa na cheti cha kanisa na pete ya dhahabu, lakini asiyepakatwa ataishi akiulizwa nani alimtoa. Na Jeska hakuwa na mapaja mengine duniani zaidi ya yale ya Bibi Paulina.

Mahali pekee pa kutosha watu palikuwa ghala la zamani la kahawa lililopakana na kibanja cha Bibi. Bati juu, kuta nyeusi kwa vumbi la maganda, doa kubwa la oili ukutani, na katikati mzani wa kupimia magunia, chuma kitupu kirefu kuliko mtu, kilichozikwa kwenye zege. Mwenyekiti wa kamati, ambaye ni baba mdogo wa Elisha, alikuja akapiga picha, akazirusha kwenye kundi la WhatsApp la kamati. Chini yake akaandika kwamba wageni waje na magunia yao. Watu wakacheka. Jeska alikuwa kwenye kundi lile, akasoma yote.

Nilipoitwa kupamba, Jumatano ile, nilimkuta ameketi jikoni kwa Bibi, simu imefunikwa mezani. Mwenyekiti alikuwa ameshawasiliana na ukumbi mmoja wa Bukoba, akapewa hadi Ijumaa mchana aseme anauchukua au hauchukui.

"Mama Adela," Jeska akaniambia, "wakihamisha, mimi siolewi."

"Usiseme hivyo, mwanangu."

"Nitapakatwa na nani? Na mwenyekiti?"

Bibi alikuwa akimenya ndizi kama hasikii. Akasema bila kuinua kichwa, "Mwacheni aende Bukoba. Mimi nitamwona kwenye simu." Kisu chake kikasimama katikati ya ndizi, hakikuendelea. Nilikasirika siku ile jinsi ambavyo sijawahi kukasirika. Nikatoka nje nikampigia Mwenyekiti.

"Ijumaa uje ulione ghala kabla hujajibu Bukoba."

"Mama, nikaone nini? Pale ni mahali pa magunia."

"Njoo na mama yake Elisha. Nawe uje umeshiba, usije ukasingizia njaa."

Nilikuwa na Jumatano iliyobaki na Alhamisi nzima, na kitita cha kamati kilitosha pini, kamba ya katani na sabuni. Nikakaa kiti. Nikaketi mahali atakapokaa Bibi, nikatazama. Niliuona mzani. Popote nilipohamia niliuona mzani, na mwishowe nikauambia kwa sauti, haya, umeshinda, wewe ndiwe jukwaa.

Kisha nikazunguka nyumba kwa nyumba. Nyinyi mnajua kochi la mwanamke wa Karagwe lilivyo: mgongoni kitambaa cha kufuma, mikononi vitambaa vya kufuma, juu ya redio kitambaa, juu ya mtungi wa maji kitambaa. Na ndani ya sanduku viko vingine, alivyofuma akiwa msichana, ambavyo hutolewa Krismasi na msibani tu. Niliviomba hivyo vya sandukuni. Mwanamke wa kwanza alinishangaa.

"Mawe, mama wee! Vya kutundika ukutani? Kwenye lile ghala?"

"Kwa ajili ya Paulina."

Alikwenda kufungua sanduku. Alhamisi asubuhi niliviosha, nikavianika juu ya nyasi, nikaviunganisha kwa pini kimoja kwa kingine, vyeupe, vya krimu, vya waridi, vyenye tausi na vyenye nyota. Nyuma ya mzani vikawa ukuta mzima. Vumbi jeusi la kahawa, ambalo Mwenyekiti alilitukana, ndilo lililofanya nyuzi zile nyeupe zionekane moja moja, maana weusi wake ulichungulia kwenye matundu ya vitambaa. Mzani wenyewe tuliuzungushia majani makavu ya migomba ya Bibi, yale ya rangi ya tumbaku, tukayasuka mpaka chuma kikapotea. Mikono miwili ya mzani ikawa imetanda juu ya viti vya maharusi. Doa la oili vitambaa havikulifikia lote. Nikaliacha.

Lakini kabla ya ukuta, kabla ya mzani, kitu cha kwanza kabisa nilichofanya ghalani kilikuwa kutandika nyasi. Nilianza nacho kwa makusudi, na nitawaambia kwa nini. Wazee wetu walitandika nyasi mbichi sakafuni mgeni wa heshima alipokuja. Mgeni huvua viatu, hukaa, hupewa kahawa ya kutafuna, zile punje zilizochemshwa na kukaushwa. Aliyekaa kwenye nyasi na kutafuna kahawa ameshapokelewa. Kuinuka na kwenda kula kwa mwingine baada ya hapo ni kumtemea mate mwenyeji. Vijana wamesahau, lakini mama yake Elisha alikuwa mtu wa rika langu, na nilijua alikolelewa. Niliita vibarua? Hapana. Tuliinama wenyewe, wanawake wa Kiruruma, tukakata nyasi laini za bondeni, tukazitandika unene wa godoro, harufu ikajaa ghala na kuifukuza ile ya maganda.

Ijumaa Mwenyekiti akaja na pikapu, nyuma imejaa migomba iliyokatwa, yenye mikungu yake, majani yakiburuza barabarani. Nilitoka nikasimama njiani mikono kiunoni.

"Shikamoo, Mama," akasema akishuka. "Nimejitolea. Hata kama tutahamia Bukoba, leo nilete kidogo kwa heshima ya Bibi. Tuisimike mlangoni."

Nilimwelewa. Migomba miwili mlangoni ni alama ya harusi kwetu sote, na alitaka kuondoka akiwa amefanya jambo.

"Umeitoa wapi?"

"Nimeinunua njiani."

"Shamba la nani?"

Hakujua. Na mnajua mnyauko ulivyotufanya. Ugonjwa ule huingia shambani kwa mgomba mgeni na kwa kisu kigeni, na ukishaingia, mikungu huoza kabla ya kukomaa, na unang'oa kibanja kizima ukilia. Sisi hapa hatuhamishi mgomba kutoka shamba hadi shamba, tumekatazwa na tumejikataza. Mlango wa ghala na mgomba wa kwanza wa Bibi Paulina vilikuwa vinaangaliana.

"Geuza gari," nikasema.

"Mama, wewe ni mpambaji au bwana shamba?"

"Geuza gari. Kibanja hiki ndicho kilichomsomesha mke wenu."

"Nimeleta zawadi unanifukuza mbele za watu?"

"Zawadi irudi ilikotoka. Kama unataka kupita, nikanyage."

Dereva alizima injini. Wanawake walitoka ghalani wakasimama nyuma yangu. Mwenyekiti akatoa simu mfukoni. "Basi nawaambia Bukoba tunachukua. Nimejaribu, Mungu ananiona. Shemeji! Shemeji, twende!"

Shemeji, ndiye mama yake Elisha, hakuwa kwenye gari. Tulipokuwa tunabishana alishuka upande wa pili. Tuliviona viatu vyake kwanza, vimepangwa vizuri mlangoni. Ndani, yeye alikuwa ameketi kwenye nyasi chini ya mzani, miguu ameikunja upande, na Bibi Paulina, aliyeletwa kwenye kiti na kuteremshwa hapo, alikuwa amemshika mkono. Mdomo wa mama yake Elisha ulikuwa unatafuna.

"Shemeji, inuka, tuna safari," Mwenyekiti akasema, lakini alisimama mlangoni. Naye alikuwa na viatu miguuni, na nyasi zilikuwa mbele yake.

"Niinuke niende wapi?" akajibu yule mama. "Nimeshakaa. Nimeshatafuna kahawa."

"Lakini ukumbi wa..."

"Waambie Bukoba asante. Na wewe vua viatu uje umsalimie mama yako, au urudi na migomba yako."

Mwenyekiti alitazama vitambaa, akatazama mzani, akatazama doa la oili. Sijui alichokiona. Aliandika ujumbe mfupi kwenye simu, akairudisha mfukoni, akainama kufungua kamba za viatu. Pikapu iligeuza.

Jumamosi, baada ya ndoa, Jeska alitoka kigangoni, kanisa dogo la kijiji, akaingia ghalani kwa miguu yake, ni hatua tu. Wenye vitambaa wote walikuwa wanatafuta cha kwao ukutani, wakinyoosheana vidole, "Kile cha tausi ni changu," na hilo tu lilizua shangwe kabla muziki haujafunguliwa. Bibi alikaa chini ya mzani. Jeska akakaa kwenye mapaja yake kwa kugusa tu, uzito ameuachia miguu yake mwenyewe ili asimuumize. Bibi akamvuta kwa nguvu. "Kaa vizuri," akasema, tukasikia sote, "nilikubeba ukiwa na homa, nitashindwa leo?" Jeska akakaa na uzito wake wote. Kisha akahamia mapajani kwa mama yake Elisha, na ghala likapiga vigelegele mpaka bati likalia. Nililia, na sioni aibu kuliandika.

Mwenyekiti alicheza ngoma usiku ule kuliko wote, pekupeku.

Nimestaafu sasa. Naishi Bugene, magoti hayapandi ngazi, vidole havishiki pini. Omurushaka na Kayanga kumejengwa kumbi zenye marumaru na dari za taa, na sina ugomvi nazo. Bibi Paulina alizikwa kwenye kibanja chake kabla Jeska hajajifungua. Migomba ipo, mizima. Picha waliyo nayo ya Bibi na Jeska ni ile moja, ya chini ya mzani, na imetundikwa sebuleni kwao. Mpambaji mmoja kijana aliiona akanishauri kwa upole kwamba siku hizi picha husafishwa kwa kompyuta, na lile doa la oili nyuma ya bega la Bibi lingeondolewa mara moja. Nikamwambia asiliguse. Liliachwa na kazi ya kupimia magunia ya watu wa Kiruruma, na Bibi alikuwa mmoja wao.

Kwa hiyo msinipigie tena kuniambia ukumbi ni mbaya. Mkinipigia, nitawauliza jambo moja tu: bibi yenu anaweza kufika hapo? Anaweza? Basi acheni kulia, mkakate nyasi.